Mpaka Mama Akasirike

Uchungu wa mzazi aujuaye ni mwana. Ndiyo maana Yigal Elbaz alijua pa kuubonyeza, na kila Jumamosi, Sabato ikishakwisha, aliubonyeza mbele ya Israeli nzima.

Kwenye televisheni alivaa wigi, kitambaa cha kichwa na gauni la kushindia nyumbani, akawa mama yake mtupu. Mara mama anapenya foleni ya zahanati: "Nina swali moja tu, roho yangu!" Mara anawaficha wajukuu biskuti ndani ya mashine ya kufulia, kisha anasahau na kuiwasha. Nchi ilicheka hadi mbavu zikauma. Mtaani kwao, mjini Dimona, watu waliacha kumsalimu.

Yeye alitaka kitu kimoja tu: mama akasirike.

Leo kilikuwa kipindi cha mwisho, kilichokwisha kurekodiwa. Mama Sultana alikaa sebuleni akibangua mbegu za alizeti. Yigal hakutazama televisheni. Alitazama uso wa mama.

"Leo umetoa lipi?" dada yake Ilanit alinong'ona kutoka mlango wa jikoni.

"Mazishi ya baba."

"Huna haya, we! Tulikubaliana hilo haliguswi."

"Sina lingine, Ilanit. Yote nimeyamaliza."

"Basi mwache mama wa watu apumzike."

"Mwanamke huyu kichaa!" mama alicheka, akiinyooshea kidole televisheni. Akamsogezea Yigal bakuli. "Kula, kijana, kula. Nyumbani kwenu hawakulishi?"

Yigal alifumba macho.

Kwenye kioo, mjane alikuwa akiwafokea watu wa mazishi. "Hapa? Karibu na jirani yetu Buskila? Mume wangu kamkimbia Buskila ngazini maisha yake yote, leo mnawalaza bega kwa bega? Msogezeni! Kwani mnazika au mnaegesha magari?"

Mlio wa mbegu ulikoma.

Mama alisimama. Akavua ndara, akamtandika nayo begani.

"Yigal! We Yigal, baba yako ndiye wa kuchekeshea watu? Niombe radhi! Sasa hivi!"

Jikoni sinia lilianguka. Ilanit akatoka mbio, viganja mdomoni. Tangu Pasaka ya mwaka jana, mama hakuwa amemwita yeyote kwa jina.

"Siombi," Yigal alijibu upesi, hasira isije ikampoa mama. "Siombi ng'o!"