Swali la Tatu

"Wake hawaruhusiwi kikundini. Nikwambie mara ngapi?" Fundi rangi alitumbukiza funguo za nyumba kwenye mfuko wa shati lake la bluu.

"Basi nioneshe hiyo karatasi yenu," mkewe alisema, mguu bado uko kwenye cherehani. "Jumamosi saba unatoka hapa umenyooka kama bwana harusi, unarudi na vyakula. Baba watoto, kama ni chupa, sema. Kama ni mwanamke, sema pia."

Mke alikuwa amemrudisha nyumbani kwa masharti mawili: ahudhurie kikundi cha kuacha pombe, na asimdanganye tena. Akimdanganya, atoke.

Mume akatupa karatasi mezani. Maswali matano ya kujadili. Unataka kuacha tabia gani? Pombe. Utaweka nini mahali pake? Kutembea na watoto jioni. Yote yamejibiwa, isipokuwa la tatu.

"Na hili?"

"Hilo tunalijibu kule kule."

"Na hivi vyakula?"

"Wenzangu wana huruma, mama watoto." Akabeba mabakuli yao matupu, akaondoka.

Mke alimfuata kwa mbali. Mume akaipita baa ya kwanza, akaipita ya pili, akaingia kwenye ukumbi nyuma ya zahanati. Viti vilipangwa duara. Mke akaona aibu hadi masikio yakamwaka.

Mama mwenye daftari la mahudhurio akamnong'oneza mlangoni, "Karibu, dada. Mgeni anakaa nyuma, anasikiliza tu. Msikilize yule baba mwenye shati la bluu. Amepitia makubwa, lakini wiki saba hajagusa pombe."

Wiki saba. Kumbe kweli. Akakaa nyuma ya nguzo, akaanza kupanga maneno ya kumwomba radhi.

"Swali la tatu," kiongozi alisoma. "Tabia hii ilianzaje?"

Fundi rangi akainamisha kichwa. "Nilianza kunywa siku niliyomzika mke wangu," alisema.

Ukumbi mzima ukashusha pumzi. Mtu akampa leso. Mwingine akamsogezea bakuli lililofunikwa, bado la moto.

Mkewe akasimama, akapita katikati ya viti, akachomoa funguo za nyumba kwenye mfuko wa shati alilolipiga pasi mwenyewe asubuhi ile.

"Mimi ndiye marehemu," aliwaambia. "Endeleeni na swali la nne."