Kwaya Yapimwa Sauti

Kwaya iliamua kumtoa Mama Nzota kwa sababu sauti yake ilikatika kila wimbo ulipopanda. Mwenyewe alikataa.

"Nipimeni kwanza," alisema. "Hata maharage hupimwa."

Basi Lwitiko, fundi wa kompyuta, akaleta plagini, programu ndogo inayochora sauti kwenye skrini kama mstari, juu au chini kadiri sauti ilivyo. Lakini alileta ya mfumo wa Windows, na kompyuta ya kwaya ilitumia mfumo mwingine, Linux. Ikaikataa.

"Umetuletea kofia ya jirani," Mama Nzota alimcheka. "Kichwani kwetu haiingii."

Lwitiko akapakua ya Linux, akaiweka kwenye folda ya plagini, akawasha kompyuta upya. Ikakubali. Kabla mtu hajafungua mdomo, mstari mmoja ulionyooka ukatokea kwenye skrini.

"Nani anaimba?" aliuliza Sekibo, kiongozi wa kwaya.

Hakuna aliyeimba. Lilikuwa friji la soda, likinguruma nyuma ya Sekibo. Sekibo akaanzisha wimbo, na mstari wake ukalandana na wa friji. Akaanzisha wa pili. Ukalandana vilevile.

"Kumbe mwalimu wako ni friji!" Mama Nzota aliangua kicheko. "Nyimbo zote unazianzia hapohapo, hata zile zinazopanda sana, halafu mimi ndiye mbovu!"

Kwaya nzima ikacheka. Wakalizima friji. Skrini ikawa tupu. Sekibo akafungua mdomo, lakini bila friji hakujua aanzie wapi, akamgeukia mama ambaye kwaya ilitaka kumtoa.

"Haya, mama. Tupe sauti."

Mama Nzota akavuta pumzi, na wote wakaitazama skrini.