Kura ya Mwenyekiti

Wajumbe wawili wa bodi ya usafiri walitaka basi la alfajiri libaki, wawili walitaka liondolewe. Kura ya mwenyekiti ndiyo iliyobaki, na safu zote za nyuma zikageuka kumtazama Bi Eduviges.

"Tulia, bibi," Marta, aliyekaa kando yake, alimnong'oneza. "Mwenyekiti huyu si wetu?"

Waliojaa safu hizo walikuwa wafagiaji, wapishi na walezi wa watoto wa watu, wahamiaji kutoka El Salvador walioishi Los Angeles. Alfajiri basi hilo ndilo lililowapandisha kwenye majumba ya vilimani. Sasa kulikuwa na pendekezo kwamba fedha zake ziende kwenye treni ya uwanja wa ndege.

Tangu Krismasi Eduviges, na goti lake bovu, alishinda vituoni akiwagawia watu uji wa mahindi na kuwasihi waje kikaoni. Wasio na vibali vya kuishi nchini aliwashika mkono. "Njooni tu. Wakiuliza jina, nitajeni mimi."

Na wakati wa uchaguzi, ni yeye aliyewazungukia nyumba kwa nyumba. "Mpigieni kura Wilber Menjívar. Kakulia humuhumu, shuleni kaenda kwa basi hili. Hawezi kutupa kisogo."

"Una hakika naye?"

"Namjua kuliko mnavyonijua mimi."

Mwenyekiti Menjívar alikohoa. Alizungumzia bajeti, akazungumzia maendeleo, macho yakiwa mezani. Kisha akasema, "Basi liondolewe."



"Kumbe umetuuza, bibi!" Marta aliinuka, machozi yakimtoka. "Kesho nipae kwenda kazini?"

Wengine wakamfuata mlangoni. Hakuna aliyemuaga Eduviges, hata wale aliowashika mkono.

Alijikongoja hadi kwenye kipaza sauti. Mlinzi akamjia mbio. Mwenyekiti akamwashiria amwache.

"Mheshimiwa," alisema Eduviges, "hao waliotoka hawakukuamini wewe. Waliamini mdomo wangu. Leo umenivua nguo mbele yao."

Mwenyekiti akapangapanga karatasi zake.

"Ungeniambia mapema. Ningewaambia wabaki makwao, wasipoteze kibarua cha siku."

"Muda wako umekwisha, mama," alisema mwenyekiti kwa sauti ndogo.

"Umekwisha kweli." Alikaza mtandio wake mabegani. "Na Jumapili usije kula, Wilber. Baba yako nitamweleza mwenyewe."