Mkono wa Pili

"Usiinue rola!" fundi alisema, lakini simu ilikuwa imeshalia, na mwenye nyumba ameshaitupa rola kwenye trei, katikati ya ukuta.

Aliporudi, rangi ilikuwa imeanza kushika. Akaendelea pale alipoachia. Mchirizi ukajichora kutoka darini hadi sakafuni, kama mshono wa cherehani ya mlevi.

"Jamani! Nimefanya nini tena?"

"Umeunga mbichi kwenye kavu." Fundi alikuwa mwanamke mkimya, kilemba chake kimejaa madoa ya rangi za nyumba za watu. Aliyeagizwa alikuwa fundi mwingine. Asubuhi akatokea yeye, akasema mwenzake amemwachia kazi. "Ukuta ukiuanza, unaumaliza. Anzia kona, ufuate ubichi wake, usirudi nyuma. Huu sasa ukauke, niupige msasa, niupake wote upya."

"Wote? Na mtoto analetwa jioni? Hebu tusogeze kabati hapo, dada, yaishe. Mtoto wa miaka mitano anajua nini kuhusu michirizi?"

"Atakuwa analala akiutazama."

Mwenye nyumba akaketi juu ya ndoo tupu. "Aliyepiga ni mume wangu. Ameshamchukua mwanawe, wako njiani."

Fundi akaikung'uta brashi yake muda mrefu kuliko ilivyohitaji.

"Mahakama imemnyima mama wa mtoto malezi," mwenye nyumba akaendelea. "Mtu gani, leo yuko huku, kesho kule, mtoto analazwa kwenye nyumba ambazo hata milango hazijatiwa! Lakini mimi nami sijazaa, fundi. Kubembeleza sijui. Akinikataa je?"

"Usimpapie. Mwache akuzoee polepole. Na taa usimzimie mpaka asinzie."

"Mwone! Unaongea kama nyanya yangu."

Fundi hakucheka. Ukuta ulipokauka, akaulainisha kwa msasa, akaufuta vumbi, akaanza mkono wa pili wa rangi. Alichovya kidogo, akasambaza, kisha akashusha rola kutoka juu hadi chini bila kuikandamiza, kila mpito ukikanyaga kidogo ubichi wa uliotangulia. Mwenye nyumba alipomletea maji, hakugeuka. Alipomwambia apumzike, akachovya tena. Alipofika kona ya mwisho, akaenda dirishani, akauinamia ukuta kwa ubavu, nuru iupige upande. Hapakuwa na alama hata moja. Ungedhani ukuta ulizaliwa hivyo.

"We mwanamke una mkono!" mwenye nyumba akapiga makofi. "Kaa basi, wako karibu. Umwone mtoto akifurahi."

"Hapana." Fundi alikuwa tayari anafunga mikebe, vifuniko vikimponyoka.

"Haraka ya nini? Au na wewe una mtoto anakusubiri?"

"Ninaye mmoja."

"Ndiyo maana unajua mambo! Na ukiwa kazini, nani anakulelea?"

Nje, gari lilipiga honi getini. Fundi akajitwika ngazi begani, akamtazama usoni kwa mara ya kwanza tangu asubuhi.

"Kuanzia leo," akasema, "wewe."