Nyongeza ya Benki

Kabla Shomari hajatia sahihi fomu ya mkopo wa nyumba, mkewe Zuhura aliweka ungo juu ya fomu hiyo.

"Subiri, Baba Nuru." Akamimina kopo la maharage. "Hii ndiyo nyumba." Pembeni akamimina kopo jingine na nusu. "Hii ndiyo riba, miaka ishirini na mitano."

"Duka gani hilo, mteja ndiye anayetoa nyongeza?" Shomari akacheka, kisha akalitazama rundo la riba. "Na tukilipa kwa miaka kumi?"

Zuhura akarudisha riba koponi, konzi kwa konzi, ungoni ikabaki ya nusu kopo. "Ila kila mwezi itabana. Soda utasahau."

"Na wewe vitenge."

Shomari akachomeka kalamu nyuma ya sikio, akaanza kuchambua naye maharage, fomu ingali chini ya ungo.