Mikono Miwili Mitupu

Geneviève alipiga magoti kwenye sakafu ya duka la kamera, akakunja viganja na kupiga makofi taratibu, kama atakavyowapokea wakwe siku ya mahari. Rimoti aliyoibana kiganjani iliyameza makofi yote. Yalisikika kama mtu anayekung'uta mto.

"Hapana," akasema. "Bakwe batasema nabazarau."

Muuzaji alimtazama kutoka nyuma ya meza. "Mama, juu ya nini hautafuti mutu mwingine wa kufilme?"

"Ni miye nafilmaka ndoa za batoto ya bantu. Ya mutoto wangu nitamwachia nani?"

Kamera yenyewe, ndogo kama kiberiti, ingekaa juu ya kabati la sebuleni. Yeye angekuwa chini kwenye mkeka.

Muuzaji akatoa rimoti nyingine, ya kitufe kimoja, akamfungia kwenye kifundo cha mkono kama saa. Geneviève akabonyeza. Juu ya rafu, taa nyekundu ya kamera ikawaka.

Akapiga magoti tena. Safari hii makofi yalilia makavu, yakajaza duka, mpaka mteja aliyekuwa mlangoni akavua kofia. Taa ilibaki inawaka.

Geneviève alishusha pumzi ndefu, magoti yakiwa bado chini.

Muuzaji akamletea kamera aone. Kwenye kioo kidogo mwanamke mnene alikuwa amepiga magoti, uso umetulia. Miaka yote hiyo ya kazi Geneviève alikaa nyuma ya kamera, hakuwahi kupita mbele yake.

"Basi," akasema polepole, "lazima nishone na nguo."