Mtetemo wa Pajani

Daktari aliweka kiganja juu ya paja la mfumaji, akakiacha hapo. Chini ya kovu dogo, nyama ilitetemeka kama paka anayekoroma.

"Tangu lini, mama?"

"Tangu mwaka wa mgomo. Nilidhani ni mashine. Sisi wa kiwandani mitambo hutufuata mpaka kitandani. Wakanipunguza kazini, mitambo ikabaki kwao, paja likaendelea na zamu."

Binti yake, aliyevaa ovaroli ya kiwanda kile kile, alicheka, kisha akakata kicheko.

Daktari aliwaonyesha picha za paja. Punje ya risasi ilikuwa imetoboa ateri na vena, mishipa miwili ya damu iliyolala ubavu kwa ubavu, na vidonda vikapona vikiwa vimeungana. Damu ikapata njia ya mkato: inarudi moyoni bila kufika mguuni, na moyo umetanuka kwa kusukuma bure.

Mlinzi wa kiwanda ndiye aliyefyatua, siku ya mgomo. Mganga wa kiwanda akashona ngozi tu, akamwamuru mfumaji aseme ameangukia mkasi. Akasema hivyo miaka yote, mtoto ale.

"Nitaziba tundu," daktari alisema. "Punje haina madhara, nitaiacha."

"Itoe. Unipe mkononi. Nina mtu wa kumwonyesha."

"Mama!" Binti alimshika bega. "Jumatatu naingia kazini. Sema mkasi, yaishe."

Mfumaji aliitazama ovaroli ile, kifungo kwa kifungo.

"Itoe, daktari," alisema. "Na wewe mwanangu, anza kutafuta kazi nyingine."